Mashuka ya Wasio na Ndugu

Mama Povu alifua damu ya watu kwa miaka thelathini na moja. Damu ya wazazi, damu ya waliopasuliwa, damu ya waliogongwa na magari, zote alizijua kwa rangi na harufu, na alijua ipi hutoka kwa maji baridi na ipi haitoki mpaka ilale kwenye magadi. Jina lile alipewa na wauguzi wasichana, maana hawakupata kumwona bila povu mikononi, tena mpaka kwenye viwiko. Hakuchukia. Mtoto hakujaliwa, na mwanamke asiye na mtoto huitwa mama wa chochote kilicho karibu.

Nyumba ya dobi ilikuwa nyuma ya jiko la hospitali ya serikali: chumba kirefu, sinki tatu za saruji, mashine mbili, moja nzima na moja marehemu, na tangi la kuchemshia maji lililokuwa likinguruma kutwa. Kusoma hakujua. Shule aliiona kwa nje, akipita na ndoo kichwani. Lakini mashuka ya wodi zote aliyatenganisha bila kukosea, kwa sababu kila shuka alilishonea uzi kwenye pindo: mwekundu wa wazazi, samawati wa wanaume, njano wa watoto. Waliosoma ndio waliokuwa wakimfuata kumuuliza, "Mama, hili la wapi?"

Mumewe alikufa mapema akamwachia kiwanja na kuta. Kuta tupu, zilizofika kwenye linta juu ya madirisha zikagoma hapo, na ndani majani yakaota mpaka kiunoni. Chumba kimoja cha nyuma alikiezeka kwa mabati makuukuu, ndimo alimolala. Vilivyobaki vilisubiri kiinua mgongo. "Nikistaafu naezeka," alisema kila mwaka, kama wengine wanavyosema Mungu akipenda.

Kwenye kiwanja hicho hicho, upande wa pili wa ua, aliishi shemeji yake, mdogo wa marehemu. Alikuwa mhudumu wa mochwari pale pale hospitalini, watu wakimwita Bwana Baridi. Kazi hiyo hakuipata kwa akili yake. Enzi hizo alikuwa kijana wa kucheza karata mchana na kuomba sahani ya chakula jioni, na Mama Povu ndiye aliyemwendea muuguzi mkuu akampigia magoti. Siyo magoti ya kusemwa. Magoti hasa, juu ya sakafu, na vumbi likabaki kwenye kanga.

Muuguzi mkuu huyo alikuwa mwanamke mrefu, mkali kama pilipili kichaa, na alikuwa na neno moja ambalo hakumruhusu mtu kulijadili. Hospitalini hufa watu wasio na ndugu. Mtu huokotwa barabarani, hufa jina lake halijajulikana, hulala mochwari wiki mbili tatu, kisha Ijumaa huja lori la manispaa kumchukua akazikwe. Walikuwa wakipandishwa lorini uchi. Siku moja muuguzi mkuu alisimama mlangoni mwa nyumba ya dobi, akasema, "Aliyezaliwa na mtu hazikwi uchi. Mama Povu, toa mashuka yaliyochakaa, kila maiti apate lake."

"Na stoo niwaambieje?"

"Usiwaambie kitu. Shuka la serikali halitupwi mpaka ije kamati ya kufuta mali, na hiyo kamati mimi nimeisikia kama ninavyosikia habari za majini. Tukiandika itakuwa kesi. Tusipoandika itakuwa thawabu."

Basi haikuandikwa. Ila Mama Povu alikuwa na mazoea ya fundi, kitu kikitoka mkononi mwake ajue kimekwenda wapi. Nyuma ya tangi la maji moto palikuwa na ukuta usioonwa na mtu. Kila shuka lililokwenda na maiti alilichorea hapo mstari mmoja wa mkaa. Si kila wiki palikuwa na maiti wa lori, ila palipokuwa naye, Alhamisi shemeji alikuja na kitoroli chake chenye gurudumu linalolia.

"Leo wangapi, shemeji?"

"Wawili na kichanga."

"Kichanga nusu yamtosha." Alilichana shuka kwa meno, akalipasua katikati, na nusu ya pili akaiweka akiba ya kichanga mwingine. Wote wawili hesabu hiyo waliijua. Wote wawili walijua kwamba vichanga havikosekani.

Miaka kumi na tisa ilikwenda hivyo. Muuguzi mkuu akafa, akaja mwingine asiyejua kitu, na baada yake wakaja wakaguzi. Walihesabu vitanda, walihesabu mabeseni, walihesabu mashuka. Yalipungua mia mbili na tisa.

"Mia mbili na tisa?" Mama Povu alifurahi, mjinga wa watu. "Ndiyo hayo hayo! Njoo ukutani uhesabu mwenyewe, mwanangu. Yote yapo pale."

Mkaguzi alikuwa na suruali nyeupe. Aliitazama ile nafasi ya nyuma ya tangi, iliyojaa masizi na kutu, akaitazama na suruali yake. "Toa maelezo kwa maandishi, mama."

"Sijui kuandika."

"Basi utaandikiwa."

Akaandikiwa. Barua mbili zilimfikia siku moja, ya kumsimamisha kazi kwa nusu mshahara na ya mashtaka: upotevu wa mali ya umma. Zilisomwa kwa sauti na karani wa masijala, mzee mwembamba mwenye miwani iliyofungwa uzi sikioni. Katika jengo lile huyo ndiye peke yake aliyekuwa akimwambia mtu ukweli, labda kwa kuwa hakuna aliyekuwa akimsikiliza.

"Sikia vizuri, mama. Kanuni inasema kamati ya nidhamu ikusikilize ndani ya miezi minne. Kanuni nyingine inasema hivi: mtumishi akifika siku yake ya kustaafu na shauri halijaisha, kiinua mgongo na pensheni vinazuiwa mpaka liishe."

"Mimi nimebakiza muda gani nistaafu?"

"Miaka miwili."

"Miezi minne na miaka miwili, ipi kubwa?"

"Miaka miwili, mama."

"Basi tuna nafasi."

Karani alivua miwani akaifuta kwa pindo la shati, akaifuta tena.

Aliyesimamishwa kazi haruhusiwi kuingia hospitalini ila kwenye ofisi ya utumishi, na hapo sharti aripoti kila Jumatatu, aweke kidole gumba kwenye daftari. Mama Povu alikuwa anafika kabla ya mlango kufunguliwa, anakaa kwenye benchi la ukumbini, na akitokea mtu yeyote mwenye tai anasimama. Jumatatu moja mwenyekiti wa kamati yuko likizo. Nyingine mjumbe kahamishwa. Nyingine faili limepelekwa wizarani, nyingine limerudi bila viambatisho, nyingine linaonekana lakini ufunguo wa kabati anao mtu aliyefiwa.

"Leo kamati ilikuja, ila haikutimiza akidi," afisa utumishi alimwambia mwezi wa tano tangu asimamishwe. Alikuwa dada ambaye Mama Povu angeweza kumzaa, kucha ndefu zilizopakwa vizuri, sauti ya upole kama ya mtu anayembembeleza mgonjwa anywe dawa.

"Akidi ndiye nani?"

"Siyo mtu, mama. Ni idadi. Wanatakiwa wajumbe watano, wamekuja wanne."

"Na mimi niliyekuja kila Jumatatu, kidole kimekuwa zambarau mpaka ukuchani, hamwezi kunihesabu wa tano?"

Ukumbi mzima ulicheka. Dada yule naye alicheka, akaziba mdomo kwa ile mikono yake mizuri. Watu walipenda sana kumcheka Mama Povu kipindi hicho. Kumcheka mtu hakuhitaji akidi.

Mwezi wa sita ilitangazwa kwamba kuna mgeni mkubwa atatembelea hospitali, na hospitali nzima ikapakwa rangi. Habari alizipata kwa binti aliyewekwa mahali pake pa kazi, walipokutana sokoni: "Mama, sasa kumependeza, mpaka nyuma ya tangi pamekuwa peupe."

Aliacha nyanya zake kwa muuzaji, akaondoka mbio. Mlinzi wa geti alimzuia, akaangalia uso wake, akamwacha apite. Alimkuta fundi rangi anaosha brashi kwenye sinki yake, ile ya katikati.

"Umepaka huku nyuma?"

"Makoti mawili ya rangi. Kulikuwa na makaa makaa ya ajabu pale, mistari mistari, imenisumbua kweli. Koti la kwanza ilikuwa inachungulia."

Mama Povu alijibana nyuma ya tangi, akakwangua kwa kucha. Rangi ilikuwa haijakauka. Ilitoka pamoja na mkaa, vikachanganyika, akabaki na ujiuji wa kijivu mkononi. Alikwangua mpaka fundi akapiga kelele kwamba anaharibu kazi ya watu na mgeni anafika kesho kutwa.

Hapo shahidi akawa amebaki mmoja, naye alikuwa na miguu na mdomo.

Mwezi wa tisa, bila kutegemewa, kamati ikatimia. Alipewa tarehe, Alhamisi. Jumanne yake alasiri shemeji alivuka ua akiwa na paketi ya sukari. Bwana Baridi hakuwa mtu wa kuleta sukari. Alikaa kwenye kigoda, akatazama majani yaliyoota ndani ya kuta za kaka yake.

"Shemeji, hili jambo lako la keshokutwa."

"Utasema tu ulichokiona. Kwamba ulikuwa unachukua mashuka kwa amri ya marehemu muuguzi mkuu. Basi. Hata dakika tano hazifiki."

"Nitasema. Nani asiyesema kwa ajili yako? Wewe ndiye uliyenifanya mtu." Akakuna magoti. "Ila mimi nastaafu baada ya miezi minne. Nikisimama pale nikasema mashuka niliyabeba mimi, si ndiyo wananikamata na mimi? Mwizi na mbeba mzigo wa mwizi wanafungwa kamba moja. Tutakuwa wawili kwenye benchi lile."

"Sasa nifanyeje?"

"Omba waahirishe. Miezi minne tu. Nikishatoka, kiinua mgongo kiko mfukoni, nani atanigusa? Nitaingia pale kifua mbele, nitawahesabia maiti mmoja mmoja. Nawakumbuka wote. Wewe bado una zaidi ya mwaka. Una haraka gani?"

Alikuwa mdogo wa mumewe. Mama Povu alikuwa amemlisha. Na kweli, zaidi ya mwaka ulikuwa umebaki.

Siku iliyofuata alikwenda masijala akaomba aandikiwe barua. Karani aliandika, lakini alipomsogezea kidau cha wino alikifunika kwa kiganja.

"Mama, usiweke kidole hapa. Nakuomba kama dada yangu. Watu wanaomba kesi zao ziende, wewe unaomba isimame?"

"Ni ndugu yangu."

"Ndugu hana mhuri. Hii karatasi itakuwa na mhuri."

"Toa mkono, bwana. Damu siyo wino."

Akaweka kidole. Akaviringisha vizuri, kushoto kulia, kama alivyofundishwa.

Shemeji alistaafu kwa heshima zote. Walimpa cheti, wakampa saa ya ukutani, wakapiga picha mbele ya mochwari, na wenye kufanya utani wakasema wateja wake wote wamempa ruhusa, hakuna aliyelalamika. Mama Povu alipika chakula cha sherehe hiyo, masufuria matatu, peke yake. Fedha zilipotoka, shemeji aliezeka. Mabati mapya, ya rangi ya samawati, mtaa mzima ukageuza shingo. Hakuweka mfereji upande wa ua, kwa hiyo mvua ikinyesha maji yote ya paa lile yalimwagikia ndani ya kuta za Mama Povu, na majani yakanenepa.

"Sasa, shemeji," Mama Povu alimwambia.

"Sasa. Niambie tu tarehe. Hata suti nimenunua."

Lakini tarehe ilikuwa imekwenda na haikuwa na haraka ya kurudi. Jumatatu baada ya Jumatatu, dada wa kucha alifungua faili, akageuza karatasi mpaka akaifikia ile yenye kidole, akaigonga kwa ukucha. "Mama, lakini kamati ilikuwa tayari. Wewe mwenyewe ndiye uliyeomba kuahirishwa. Sisi tunakuheshimu, ndiyo maana hatukukulazimisha."

Miezi ikaliwa. Alibakiwa na minane, akabakiwa na mitano, akabakiwa na miwili. Alianza kukaa kwenye benchi hata siku zisizo zake. Alimvizia mwenyekiti wa kamati kwenye maegesho ya magari, akapiga magoti tena, magoti yale yale, na mwenyekiti akaogopa watu wasije wakaona vibaya, akasema, "Inuka, mama, inuka, nitaangalia." Akaangalia kweli. Ilipangwa siku, wiki tatu kabla ya kustaafu kwake.

Asubuhi hiyo alivaa gauni la kanisani, akavuka ua kumpitia shahidi wake. Alimkuta mke wa shemeji peke yake, anamwagia kuku pumba.

"Baba watoto kasafiri," alisema bila kugeuka. "Alfajiri. Mwanetu mkubwa anaumwa."

"Lakini alijua kuwa leo—"

"Nimesema mtoto anaumwa. Wewe mambo ya mtoto kuumwa utayajulia wapi?"

Akaenda peke yake. Chumba cha mikutano kilikuwa na meza ndefu, chupa za maji, na wajumbe watano, watano kamili, akawahesabu mara mbili. Walimkaribisha kiti. Hakuwahi kupewa kiti katika jengo lile.

"Shahidi wako yuko wapi?" aliuliza mwenyekiti.

"Amesafiri. Lakini nitasema mwenyewe. Nawaomba mnisikilize mimi tu."

Wajumbe walinong'onezana. Alikuwepo mwanasheria kijana, aliyeonekana kumhurumia kwa dhati. "Mwenyekiti, huyu mama hajui kusoma, hana mtetezi, na shahidi wake wa pekee hayupo. Tukimsikiliza leo tutakuwa tumemnyima haki ya msingi. Napendekeza, kwa manufaa yake, tuahirishe."

"Siyataki hayo manufaa!" Mama Povu aliruka, kiti kikaanguka nyuma. "Jamani, zimebaki wiki tatu. Nihukumuni leo! Mkiona nimeiba semeni nimeiba, mkiona sikuiba semeni sikuiba. Lakini semeni!"

"Mama, tunakulinda," mwanasheria alisema.

"Mnanilinda na nani?"

Wakaahirisha mpaka tarehe itakayopangwa. Walikunywa maji yao wakatoka mmoja mmoja, na mmojawao, akipita, alimpigapiga begani.

Siku ya kustaafu ilifika kama siku nyingine zote. Geti lilimnyang'anya kitambulisho. Ofisi ya pensheni iliangalia faili lake ikamwambia dirishani: una shauri halijaisha, hatuwezi kukulipa. Alikwenda kwenye kamati. Kamati ikamwambia: sisi ni kamati ya nidhamu ya watumishi, wewe tangu juzi si mtumishi, hatuna mamlaka ya kukusikiliza. Akarudi pensheni kuwaambia kamati haiwezi tena kumsikiliza. Wakasema sawa, walete barua ya kumaliza shauri. Akaenda kamati kuomba barua. Shauri halikumalizwa, mama, tutaandikaje kwamba limemalizwa?

Alifanya safari hizo wiki sita, kwa miguu, ofisi moja ikiwa juu ya kilima na nyingine chini.

Shemeji alirudi baada ya miezi miwili na ushei, amenawiri. Mama Povu alimkuta amekaa barazani chini ya mabati yake, mkewe pembeni anachambua mboga. Hakumsalimu.

"Mtoto amepona?"

"Mtoto gani?" alisema Bwana Baridi, kisha akakumbuka. "Ah. Hajambo."

Mkewe alicheka puani.

"Kwa nini, shemeji? Niambie tu kwa nini, sitaki kingine."

Bwana Baridi aliokota jani la mboga akalikunja mara mbili. Huenda aibu ilimpitia. Huenda alikuwa anatafuta tu maneno. "Pensheni ikitolewa inaweza kurudishwa," alisema mwishowe. "Niliuliza watu. Wakiona nilishiriki, wanaikata hata kama nimeshaipata. Mimi nina watoto sita, shemeji. Wewe una mdomo mmoja. Ukipima kwenye mizani, nani aumie?"

"Sukari uliyoniletea. Ulikuwa umeshaamua siku ile?"

"Siku ile bado. Siku ile nilikuwa nakusudia kweli."

Hilo ndilo lililomkata. Angesema alimdanganya tangu mwanzo, angemchukia akapumzika. Mama Povu alifungua mdomo, na mke wa shemeji akamwahi.

"Mwanamke, ondoka barazani kwangu. Umekuwa ukituringia miaka yote, eti wewe ndiye uliyemtafutia kazi mume wangu. Kazi ya kuosha maiti! Tumekushukuru mpaka lini? Mama Povu, Mama Povu. Na kweli, kila ulichokibeba tumboni kimepasuka kama povu. Sasa unataka na wetu tuwaache wafe njaa ili tukuzike vizuri?"

Shemeji alisema, "Acha, mama watoto," lakini alisema kwa sauti ya chini, akitazama mboga.

Mama Povu alikuwa amezika mimba nne. Zote nne alizivika yeye mwenyewe, na zote nne mwanamume huyu alikuwa amesaidia kuchimba. Alitazama mikono ya shemeji. Akarudi ng'ambo ya ua, akapita katikati ya majani, akajifungia.

Jumatatu alikwenda masijala. Karani alikuwa anafunga vitu vyake kwenye boksi, naye alikuwa anastaafu mwisho wa mwezi.

"Hakuna njia kabisa?"

"Kuna rufaa," karani alisema. "Lakini rufaa hukatwa dhidi ya hukumu. Wewe hujahukumiwa, mama. Hata mwizi aliyefukuzwa ana mlango wa kugonga. Asiyehukumiwa hana."

Alisimama pale akilifikiri neno hilo. Kisha akapanda ngazi mpaka kwa afisa utumishi, akapita benchi lote na watu wake bila kukaa, akafungua mlango.

"Mama, kuna foleni."

"Andika nimeiba."

"Unasemaje?"

"Mashuka mia mbili na tisa. Niliyaiba mimi. Niliyauza sokoni nikala. Chukua karatasi uandike, nitaweka kidole, mnihukumu leo, mnifukuze. Halafu nitakata rufaa."

Miaka thelathini na moja alikuwa ndani ya hospitali ile na hakusema uongo, hata wa kuomba ruhusa ya kwenda msibani. Uongo huo wa kwanza ulimtoka ukiwa mzima, hakuutafuna. Sura za wale maiti zilimpita machoni, mmoja aliyekuwa na kidonda shavuni, mmoja msichana aliyekuwa na soksi mguu mmoja, na akawaambia moyoni wamsamehe kwa kuwavua.

Dada wa kucha aliweka kalamu chini. Akalivuta faili, akalifungua, akalifunga.

"Siwezi kuandika, mama."

"Kwa nini? Si mlisema nimeiba?"

"Tulituhumu. Na kama ungekiri ukiwa mtumishi, tungelimaliza siku moja, wala kamati isingehitajika. Lakini sasa hivi wewe si mtumishi. Mtu wa nje hawezi kukiri kwangu. Sina fomu ya hivyo."

"Basi niitie polisi. Nikakiri huko."

"Polisi watakuuliza mlalamikaji ni nani. Sisi hatulalamiki, mama. Shauri letu bado halijaisha." Alisema kwa upole wake ule ule. Hakuwa mbaya. Alikuwa na watu kumi na watatu kwenye benchi na saa ya chakula inakaribia. "Nenda nyumbani upumzike. Ikitokea mabadiliko yoyote, tutakuita."

"Mtaniitaje? Simu sina. Barua siwezi kusoma."

"Pita pita hapa. Jumatatu, kama ulivyozoea."

Mama Povu aliinua mkono wake wa kulia juu ya meza, mkono ulioliwa na magadi mpaka alama za vidole zimefifia, akaulaza juu ya faili. Hakulipiga. Aliulaza tu, kama mtu anayepima joto la maji. Dada yule alisubiri kwa heshima mpaka ulipoondolewa.

Alipofika mlangoni aliitwa. Akageuka upesi.

"Samahani, mama. Umeingia bila kujaza daftari la wageni. Ni utaratibu mpya."

Daftari lilikuwa kwenye meza ndogo ya ukumbini. Mlinzi alimwandikia jina, akamwandikia saa, akafika kwenye safu ya sababu ya kuja, akasimamisha kalamu.

"Niandike nini hapa?"

Mama Povu alitaka kumwambia. Alianza hata kuhesabu aanzie wapi, kwa muuguzi mkuu au kwa lori la Ijumaa. Watu wa kwenye benchi walikuwa wanamtazama, na mmoja alikuwa ameshasimama ili aingie.

"Haya, naandika binafsi," mlinzi alisema, akaandika, akamsogezea wino.